Rod Stewart: Babu bado yumo!

Jumamosi iliyopita kijiweni kwetu palikuwa hapatoshi. Kisa? Dogo mmoja wa mtaani, mwimbaji mzuri tu, ana miaka ishirini na saba, alitangaza mbele za watu kwamba anaachana na muziki. Nilipomuuliza sababu akanijibu huku anacheka kinyonge, “Braza, muziki ni wa watoto. Ukifika umri wangu hujatoka, ujue umekwisha. Bora nikauze vocha.”

Washikaji wakaitikia kwa vichwa. Mimi nikashindwa kunyamaza. Nikamuuliza, “Wewe unamjua Rod Stewart?”

Kimya. Mmoja akadakia, “Si kampuni ya magari hiyo?” Watu hoi kwa kicheko.

Basi mpenzi msomaji, ndiyo maana wiki hii nimeamua tuachane kidogo na mambo ya hapa kwetu tukamwangalie huyu mzee wa Kiingereza, mwenye sauti kama aliyemeza kokoto na nywele zilizosimama kama katoka kupigwa shoti ya umeme. Amezaliwa 1945. Mwezi Juni 2025, akiwa na miaka 80 kamili, alipanda jukwaani kwenye tamasha kubwa la Glastonbury kule Uingereza na umati ukaimba naye mpaka mwisho. Kama muziki ni wa watoto, huyo ni mtoto wa nani?

Lakini niseme ukweli tangu mwanzo. Simwandiki Rod Stewart kwa sababu ya kijiwe tu. Namwandika kwa sababu ya Anko.

KANDA YA ANKO

Anko wangu, mdogo wake mama, alikuwa baharia. Alifanya kazi kwenye meli za mizigo na kila akirudi nyumbani alikuja na vitu viwili: sabuni za kunukia za mama na kanda za muziki za kwake mwenyewe. Nyingi zilipotea, ziliazimwa na hazikurudi. Moja haikuazimwa kwa mtu. Hiyo ilikuwa ya Rod Stewart.

Jumapili asubuhi, chai ya rangi mezani, vitumbua kwenye hotpoti, Anko anaitia kanda kwenye redio. Ikikwama, tunaizungusha kwa kalamu ya Bic. Ukifika wimbo wa “Sailing” hapo sasa hakuna ruhusa ya kuongea. Anasimama katikati ya sebule, macho kafumba, mikono kaitanua kama mtu aliye kwenye staha ya meli, anaimba Kiingereza chake mwenyewe ambacho hata Malkia asingekielewa. Mama anacheka mpaka machozi. Anko hajali. Alikuwa akituambia, “Huyu jamaa amemeza mchanga, lakini mchanga wenyewe wa dhahabu.”

Mimi nilidhani wimbo ule Rod kautunga mwenyewe tena akiwa baharini. Wapi! Uliandikwa na Gavin Sutherland, wa kundi la Sutherland Brothers, waliourekodi 1972. Rod akauchukua, akauimba kwa koo lake lile la kukwaruza, na mwaka 1975 ukashika namba moja Uingereza. Mwaka uliofuata televisheni ya BBC ikautumia kwenye kipindi cha maisha ya wanamaji wa meli ya kivita ya Ark Royal, ukapanda chati tena. Kumbe Anko hakuwa peke yake. Mabaharia wa Kiingereza nao walikuwa wanatokwa machozi.

ALITAKA STESHENI, AKAPEWA GITAA

Roderick David Stewart alizaliwa Januari 10, 1945, Highgate, kaskazini mwa London, kitinda mimba katika watoto watano. Baba yake alikuwa Mskoti, fundi ujenzi, ambaye baadaye alifungua duka la magazeti. Ndiyo maana mpaka leo Rod, ingawa kazaliwa London, ukimuuliza atakwambia yeye ni wa Scotland, na timu yake ni Celtic ya Glasgow. Kwa timu hiyo jamaa ni mwehu. Novemba 2012 Celtic walipoifunga Barcelona mabao 2-1, kamera za televisheni zilimnasa uwanjani analia kama mtoto. Shabiki wa Simba au Yanga hapa atanielewa.

Utotoni alikuwa na mapenzi mawili: mpira na treni za kuchezea. Mwenyewe amesimulia kwamba alipokuwa kijana mdogo alitaka anunuliwe stesheni ya mbao ya kuweka kwenye reli zake. Baba akarudi na gitaa. Dogo akanuna! Hakujua kwamba hapo kapewa maisha yake yote.

Mpira nao alijaribu. Alikwenda kufanya majaribio Brentford, klabu ya pale pale London, akarudi nyumbani kusubiri simu. Simu haikulia. Baba yake aliyekuwa na ndoto ya mtoto mwanasoka ikabidi ameze mate machungu.

KAZI YA MAKABURINI

Hapa ndipo nilipotaka yule dogo wa kijiweni anisikilize vizuri. Maana mtu akimwona staa kwenye suti ya waridi, hajui jamaa kalala wapi.

Rod aliacha shule akiwa na miaka kumi na mitano. Akafanya kazi ya uchapaji. Akajenga uzio. Akafanya kazi makaburini Highgate. Naam, makaburini! Kisha akazunguka Ulaya akipiga muziki mitaani, analala nje, mpaka Hispania wakamchoka. Mwaka 1963 walimrudisha kwao kama mzururaji.

Januari 1964 usiku mmoja wa baridi alikuwa kwenye jukwaa la stesheni ya Twickenham, anasubiri treni baada ya kutoka kusikiliza muziki. Kalewa kidogo, anapuliza kinanda chake cha mdomo. Mwanamuziki Long John Baldry, jitu refu la futi sita na zaidi, naye alikuwa anasubiri treni hiyo hiyo. Akaufuata mlio. Akamkuta kijana mwenye pua ndefu na nywele za kusimama. Akampa kazi kwenye bendi yake.

Unadhani hapo mambo yakanyooka? Thubutu! Wimbo wake wa kwanza peke yake ulitoka mwaka huo huo, ukafa. Akaingia kundi la Steampacket, likavunjika. Akaingia Shotgun Express, nalo likavunjika. Mwaka 1967 mpiga gitaa mkali Jeff Beck akamchukua, wakaenda Marekani 1968. Siku ya kwanza New York, kwenye ukumbi wa Fillmore East, Rod alipoona umati ule woga ukamvaa. Akajificha nyuma ya maspika! Akaimba mwanzo wa shoo akiwa huko huko nyuma, watu wanasikia sauti, mtu hawamwoni.

Hebu fikiria. Mtu huyo huyo, Desemba 31, 1994, alisimama ufukweni Copacabana, Rio de Janeiro, mbele ya watu wanaokadiriwa kufika milioni 3.5. Kweli, wengi walikuja pia kutazama fataki za mwaka mpya, lakini kitabu cha rekodi cha Guinness kiliitaja kuwa moja ya shoo zilizohudhuriwa na watu wengi kuliko zote duniani. Kutoka nyuma ya maspika mpaka Copacabana. Ni safari hiyo, si mchezo.

UPANDE WA PILI WA SANTURI

Mwaka 1969 Rod na rafiki yake Ronnie Wood walijiunga na kundi lililokuja kuitwa Faces. Hao walikuwa walevi na wenye fujo, lakini wakipanda jukwaani ni burudani tupu. Wakati huo huo Rod alikuwa anatoa albamu zake binafsi.

Mwaka 1971 ikatoka santuri yake ndogo. Upande wa kwanza, ule uliotegemewa, ulikuwa na wimbo “Reason to Believe”. Upande wa pili, ule wa kujazia tu, wakaweka “Maggie May”. Kampuni haikuona kitu hapo. Wimbo mrefu, hauna hata kiitikio, kijana analalamika tu juu ya mwanamke aliyemzidi umri. Nani atausikiliza?

Madiji wa redio wakaigeuza santuri. Oktoba 1971 “Maggie May” ilikuwa namba moja Uingereza na Marekani kwa wakati mmoja, na albamu yake “Every Picture Tells a Story” nayo namba moja nchi zote mbili. Rod alikuwa na miaka ishirini na sita. Miaka saba imepita tangu ile stesheni ya Twickenham.

Nilipofika hapo kijiweni yule dogo akaacha kuchezea simu. Nikamwambia, “Wewe una miaka mingapi vile?” Akasema, “Ishirini na saba.” Nikamwambia, “Basi umemzidi mwaka mmoja tu. Kaa utulie.”

TOTOZ NA VITUKO

Bila kugusa mambo ya mapenzi gazeti hili mtalirudisha, najua. Haya basi. Rod na wanawake warefu wenye nywele za dhahabu ni kama chapati na maharage. Mwaka 1975 alihamia Marekani, akikimbia kodi kubwa za Uingereza, akawa na mcheza sinema wa Sweden, Britt Ekland. Baadaye akamwoa Alana Hamilton mwaka 1979, wakaachana. Mwaka 1990 akamwoa mwanamitindo wa New Zealand Rachel Hunter, naye akaondoka. Mwaka 2007 akamwoa Penny Lancaster, na hapo babu ndipo alipotia nanga. Jumla ana watoto wanane kwa mama watano. Wa mwisho alizaliwa 2011 baba ana miaka 66.

Tunacheka, lakini katika hao wanane yupo mmoja ambaye habari yake haichekeshi. Wa kwanza. Alizaliwa 1963, Rod ana miaka kumi na minane, hana kitu mfukoni, mama wa mtoto naye mwanafunzi. Mtoto akatolewa akalelewa na watu wengine. Walikuja kukutana binti akiwa mtu mzima. Rod mwenyewe amekiri kwamba haikuwa rahisi, huwezi kuwa baba kwa siku moja baada ya miaka yote ile. Ilichukua miaka mingi zaidi mpaka wakasogeleana. Vijana wenzangu wa mjini, ambao tunajua kuruka ukuta binti akisema ana ujauzito, hapo tusome mara mbili. Albamu inaweza kurekodiwa upya. Utoto wa mtu haurekodiwi upya.

Vituko vingine navyo vipo. Mwaka 1978 aliwashangaza mashabiki wa roki kwa kuingia disko na “Da Ya Think I’m Sexy?”. Wakamtukana wee, huku wimbo unashika namba moja Uingereza na Marekani. Kisha Mbrazil Jorge Ben akasema, hebu, kiitikio hicho mbona ni cha wimbo wangu “Taj Mahal”? Rod baadaye alikiri kitabuni kwamba ni kweli, sauti ile ilimkaa kichwani kutoka Brazil akaitoa bila kujua. Mapato ya wimbo huo alikuwa ameyatoa kwa UNICEF, shirika la watoto la Umoja wa Mataifa.

SIKU SAUTI ILIPOKIMBIA

Mwaka 2000 madaktari wakamkuta na saratani ya tezi ya shingoni, ile inayoitwa thairoidi. Akafanyiwa upasuaji. Saratani ikatoka, lakini ili kuifikia walilazimika kukata misuli ya kooni. Rod alipofungua mdomo kuimba, hakuna kitu. Mwimbaji bila sauti, sawa na dereva bila gari.

Ilimbidi ajifunze kuimba upya kama mtoto wa darasa la kwanza. Leo nusu wimbo, anachoka. Kesho nusu na robo. Ilichukua miezi mingi mpaka sauti ikarudi, na ilirudi imeshuka kidogo, nzito zaidi. Wakati huo kampuni yake ya santuri nayo ikawa imeachana naye. Miaka hamsini na kitu, sauti mbovu, hana mkataba. Kijiwe chochote kingesema huyu kwisha habari yake.

Akafanya nini? Hakulazimisha kupiga kelele za ujana. Akachukua nyimbo za zamani za Kimarekani, zile za wazee wa suti na tai, akaziimba polepole kwa sauti ile ile iliyobaki. Albamu ya kwanza ya mfululizo huo ilitoka 2002. Watu wa roki wakanuna. Wanunuzi wakapanga foleni. Ile ya tatu, ya 2004, ikampa namba moja Marekani kwa mara ya kwanza tangu 1979, tena ikampa tuzo ya Grammy, ya kwanza katika maisha yake yote. Alikuwa na miaka sitini.

Mwaka 2013 akatoa albamu “Time”, safari hii nyingi zikiwa nyimbo alizotunga mwenyewe baada ya kukaa miaka chungu nzima akidhani kipaji cha kutunga kimekauka. Namba moja Uingereza. Mwaka 2016 Malkia akampa cheo, akawa Sir Rod. Mwaka 2024 akashirikiana na mpiga kinanda Jools Holland kwenye albamu “Swing Fever”, namba moja tena.

SIRI YA ANKO

Mwaka 2019 Rod alisimama hadharani kwenye shughuli ya kuchangia utafiti wa saratani akatoboa siri. Alisema alikuwa ameugua saratani ya tezi dume, akatibiwa, na sasa yuko salama kwa sababu iligunduliwa mapema. Akawaambia wanaume waende kupimwa. Hakuficha, hakuona haya. Kidume mwenye wake watatu na watoto wanane anasema mbele ya watu kwamba alikwenda kwa daktari kukaguliwa huko.

Nilisoma habari ile nikaiweka simu mezani. Nikabaki naangalia ukuta.

Anko wangu alikufa kwa ugonjwa huo huo. Kwa muda mrefu alikuwa anaamka usiku mara nne, mara tano kwenda haja ndogo. Tukimuuliza anasema ni chai. Mgongo ukaanza kuuma, akasema ni mambo ya melini, amebeba mizigo sana. Mama alimwambia, “Mdogo wangu, nenda hospitali.” Akasema atakwenda. Siku moja nilimshika mkono nikamwambia twende wote. Akacheka, akanambia kwa sauti ndogo, “Mjomba, mimi nimezunguka dunia nzima. Leo kijana wa umri wako aje anipime huko? Haiwezekani.”

Alipokwenda, alikwenda kwa kubebwa. Daktari alituambia kwa upole kwamba tumechelewa. Mtu aliyevuka bahari zote hizo bila kuogopa mawimbi, aliogopa aibu ya dakika mbili.

Mimi baadaye nilikwenda kupima. Siku hizi wanaanza kwa kutoa damu tu, sindano moja mkononi, unakaa kwenye benchi unasubiri. Hata gazeti hujalimaliza. Nilitoka salama. Nilipofika nje ya geti nilikasirika sana, sijui nimkasirikie nani.

TRENI ZA BABU

Sasa nimalizie kwa jambo litakalowafurahisha. Mnakumbuka ile stesheni aliyoinyimwa na baba yake? Mwaka 2019 huo huo Rod alionyesha kitu alichokijenga nyumbani kwake Los Angeles kwa miaka 23: mji mzima wa treni za kuchezea, majengo marefu kama ya Marekani ya zamani, mitaa, magari, mpaka vumbi na takataka za barabarani kapaka rangi kwa mkono wake. Akisafiri kwa shoo, alikuwa anachukua chumba cha ziada hotelini kwa ajili ya kutengenezea majengo. Masupastaa wengine wanalala na pombe, babu analala na gundi na brashi.

Mwishoni mwa 2024 alitangaza kwamba ziara zile kubwa za kuzunguka dunia anazifunga, lakini akasisitiza kuwa hastaafu. Na kweli, Juni 29, 2025, akaja ile Glastonbury. Wiki chache kabla alikuwa kavunja shoo kadhaa kwa mafua makali. Akapanda hivyo hivyo. Ronnie Wood, mwenzake wa tangu siku za kujificha nyuma ya maspika, akapanda naye. Lulu akapanda. Na wimbo wa kufungia ulikuwa ule ule wa Jumapili asubuhi kwetu: “Sailing”.

Niliutazama kwenye simu, peke yangu, saa nane za usiku. Sauti imechakaa, sisemi uongo. Kuna mahali pumzi inakatika. Lakini umati wote ulikuwa umenyanyua mikono, wameitanua kama watu walio kwenye staha ya meli. Nikasimama katikati ya sebule. Nikafumba macho. Mke wangu akatoka chumbani kuuliza kuna nini, nikamwambia rudi ukalale, namwimbia Anko.

Yule dogo wa kijiweni juzi kanitumia ujumbe. Hauzi vocha tena, au tuseme anauza vocha mchana na jioni anakwenda mazoezini. Nikamjibu nitakuja kumsikiliza, ila kwa sharti moja: akafike kwanza nyumbani, amwambie baba yake akapime. Akanijibu, “Braza, unaanza kwa muziki unamalizia hospitali?”

Ndiyo hivyo, mdogo wangu. Kwenda kuimba na miaka themanini lazima kwanza uifikie.